Video ya Mashabiki ya Kuungaunga: Mtindo Upi Unafaa Kundi Lenu?

Mko watu kumi na wawili. Filamu mnayoipenda ni moja, na mmekubaliana kutengeneza upya sehemu yake ya dakika nne kisha muipandishe mtandaoni. Hela hamna. Kamera ni simu, taa ni jua, na nusu yenu hamjawahi kuonana ana kwa ana. Swali linalotangulia katika makundi ya namna hii ni "itaonekana vizuri kweli?" Hapana, haitaonekana vizuri, na hilo lisiwasumbue. Jiulizeni itakuwa na ukwaru, yaani hali ya kutokuwa laini, wa aina gani, na mzigo wa ukwaru huo utamwangukia nani.

Nasema mzigo kwa sababu watu hudhani video ya kuungaunga ni kazi nyepesi. Nimekaa kwenye kiti cha mhariri katika kolabo, yaani kazi za pamoja, kadhaa za mashabiki na sijaona hata moja iliyokuwa nyepesi. Boksi likichukua nafasi ya chombo cha anga, kazi ya kompyuta imepungua kweli, lakini imehamia kwa mtu mwenye mkasi na gundi. Mkiruhusu kila mtu afanye kwa mtindo wake, washiriki wote wanapumua isipokuwa mratibu, ambaye hatalala. Kwa hiyo katika kulinganisha mitindo hapa chini, uzuri nitautazama kwa jicho moja. Jicho jingine litakuwa kwa anayebeba.

Tofauti moja kwanza. Kuungaunga si kulipua. Chombo cha anga cha kadibodi chenye vizibo vya chupa badala ya vitufe kinamwambia mtazamaji kwamba kuna mtu alikaa chini, akakusanya vizibo, akavibandika kimoja kimoja. Video yenye ukungu kwa sababu hakuna aliyefuta kioo cha kamera inamwambia jambo lingine kabisa. Zote mbili hazikugharimu kitu. Ila ya kwanza ina mkono wa mtu ndani yake, na ya pili ni ya bora liende, na mtazamaji huzitofautisha kabla hata hajajua ni hadithi gani anayoitazama.

Viraka au sare?

Uamuzi wa kwanza, kabla ya kadibodi wala kalamu, ni huu: kila mshiriki aje na mtindo wake, au wote mvae sare moja?

Viraka ndivyo vilivyopata jina zaidi. Mwaka 2009 Casey Pugh aliigawa filamu ya kwanza ya Star Wars, ile ya 1977, katika vipande vya sekunde 15, akawaalika mashabiki wavichukue na kuvitengeneza wapendavyo. Vilikuwa zaidi ya 470. Matokeo yake, Star Wars Uncut, ni filamu ambayo mhusika mmoja ni mtu mzima sasa hivi, baada ya pumzi chache ni mtoto, kisha kikaragosi, kisha mchoro. Mwaka 2010 ilipata Emmy, tuzo ya televisheni ya Marekani, upande wa ubunifu shirikishi. Kundi la 3GI likafuata njia hiyo hiyo mwaka 2018 na Shrek Retold, iliyokusanya wasanii zaidi ya 200, kila mmoja na kipande chake na mtindo wake.

Kwa nini mtazamaji hapotei humo? Kwa sababu hadithi anayo tayari kichwani. Gundi inayoshika viraka hivi ni kumbukumbu yake mwenyewe. Anajua nani anaingia mlangoni, anajua ataambiwa nini, kwa hiyo paka aliyefunikwa kitambaa cheusi anatosha kuwa adui mkuu wa sayari zote. Iondoe kumbukumbu hiyo, na kinachobaki ni rundo la klipu. Hapa ndipo makundi mengi yanapojikwaa: yanaona viraka vimefanya vizuri kwenye filamu inayojulikana na kila mtu, nayo yanavitumia kwenye hadithi mpya waliyoitunga wenyewe. Mtazamaji anafika dakika ya pili akiuliza yule mwenye kofia ni nani. Hadithi ikiwa ngeni, msichague viraka. Kwangu hilo halina mjadala.

Urefu wa kiraka nao ni uamuzi. Sekunde 15 zinamlinda mshiriki dhaifu: kabla mtazamaji hajachoka naye, amepita. Our RoboCop Remake ya mwaka 2014 ilichukua njia nyingine. Watengenezaji wapatao 50 waligawana filamu ya RoboCop ya 1987 kwa maonyesho mazima, si kwa sekunde. Hapo kila kikundi kilikuwa na nafasi ya kujenga mzaha wake, kuukuza na kuufunga, jambo lisilowezekana ndani ya sekunde 15. Lakini kila kikundi kilihitaji mtu anayeweza kuongoza onyesho zima. Kama kwenye kundi lenu watu wa namna hiyo ni wawili tu, kateni vifupi.

Mzigo wa viraka humwangukia mratibu. Yeye ndiye mwenye jedwali la nani kachukua nini, yeye ndiye anayekumbusha, na yeye ndiye anayepokea ujumbe wa saa sita usiku unaosema "simu yangu imeharibika." Kolabo ya kwanza niliyoiratibu niligawa vipande 16, tarehe ya mwisho vilirudi 9. Vingine viwili vilikuja baadaye, kimoja kikiwa cha wima wakati vyote vilikuwa vya ulalo. Tangu hapo natangaza tarehe iliyo wiki mbili kabla ya ile ya kweli, na kipande chochote ambacho hadithi haiwezi kusonga bila hicho nawapa watu wawili. Hata Star Wars Uncut ilipokea matoleo zaidi ya moja ya kipande kilekile, kwa hiyo sioni aibu.

Sare ni kinyume. Mnakubaliana kwamba kila kitu kitakuwa kadibodi, au kila mchoro utakuwa wa kalamu nyeusi kwenye karatasi nyeupe, au kila klipu itakuwa mwendo mmoja usiokatwa. Umaskini ukiwekewa sheria huanza kuonekana kama nia. Waongozaji filamu wa Denmark, Lars von Trier na Thomas Vinterberg, walilijua hilo mwaka 1995 walipotangaza tamko la Dogme 95 na amri zake kumi: kamera ishikwe mkononi, sauti isitengenezwe mbali na picha, taa za pekee zisitumike, na kadhalika. Wao walikuwa na uwezo wa kupata vifaa na wakavikataa kwa makusudi. Ninyi hamna vifaa, ila hesabu ni ileile. Ambacho hamna, kiandikeni kuwa marufuku. Sheria tatu zinatosha. Ya nne lazima mtu ataivunja.

Sare inaweza kubeba hadithi ngeni, kwa sababu macho ya mtazamaji yakishazoea ulimwengu wa kalamu nyeusi yanaacha kuutazama na kuanza kufuatilia habari. Ubaya wake ni kwamba inadai mtu wa kukataa. Mshiriki aliyejitolea bure usiku kucha ataleta klipu nzuri sana yenye rangi, na lazima aambiwe arudie. Manahodha wengi, chombo huenda mrama. Katika sare nahodha ni mmoja, na asiyekuwa tayari kuchukiwa kidogo asiishike kazi hiyo. Kwenye viraka, kinyume chake, karibu hakuna anayekataliwa, na ndiyo maana huvutia watu wengi zaidi.

Maboksi mbele ya kamera

Sasa malighafi. Nitaanza na ninayoipenda zaidi, na msinitarajie niwe mwamuzi wa haki hapa.

Mwaka 2008 filamu ya Michel Gondry iitwayo Be Kind Rewind ilisimulia habari za vijana wawili ambao kanda zote za duka la video zimefutika, nao wanaanza kuigiza upya filamu maarufu wenyewe, kwa maboksi na vitu vya kuokoteza, na kuwadanganya wateja kwamba kanda hizo zinatoka Uswidi. Mashabiki mtandaoni walilidaka neno la mzaha huo na mpaka leo uigizaji wa namna hii kwa Kiingereza unabeba jina la Uswidi. Lakini jambo lenyewe lilikuwepo muda mrefu kabla. Mwaka 1982 vijana watatu wa Mississippi, Chris Strompolos, Eric Zala na Jayson Lamb, wakiwa bado watoto, walianza kurudia filamu ya Raiders of the Lost Ark onyesho kwa onyesho. Iliwachukua miaka saba. Kwa kuwa maonyesho hayakupigwa kwa mpangilio wa hadithi, mhusika anaweza kuwa kijana mwenye sauti nzito katika tukio moja na kurudi mtoto katika tukio linalofuata. Tumbili wa filamu ya asili, kwao alikuwa mbwa.

Huyo mbwa ndiye siri ya mtindo huu. Mtazamaji anamjua tumbili, anamwona mbwa, na kati ya hao wawili kuna furaha ambayo tumbili halisi asingeileta. Mkipata tumbili mmepoteza mzaha. Basi msitafute kibadala kinachofanana sana. Tafuteni kile ambacho hakifanani ila kinafanya kazi ileile. Ndoo kichwani ni kofia ya chuma bora kuliko kofia ya plastiki ya kununua.

Pia kuna onyesho ambalo wale vijana hawakuliweza: lile la ndege linaloishia kwa mlipuko. Walikaa nalo mpaka 2014, wakiwa watu wazima, walipochangiwa fedha na mashabiki na kulipiga hatimaye. Karibu kila filamu ina onyesho kama hilo. Litambueni kabla hamjaanza, na kabla hamjaahidi. Kwa kawaida mna njia mbili: lichorwe, au mhusika asimame akilitazama nje ya fremu huku tukisikia sauti tu.

Mtindo huu unawafaa watu wanaoweza kukutana, kwa sababu mzigo wake uko kwenye miili na kwenye siku moja. Siku hiyo ikiharibika, kila kitu kimeharibika. Pigeni nje, kivulini, mchana; mwanga wa hapo hauwaki usoni wala haugeukigeuki. Bonyezeni skrini ya simu na kuufunga mwangaza, maana simu ikiachiwa ijipangie yenyewe itafanya picha iwake na kufifia kila mtu anapopita. Simu shikeni ulalo, nyote, daima.

Na kuigiza? Kwa uso mkavu. Kosa ninaloliona zaidi ni waigizaji kuchekacheka na kamera, kuonyesha kwamba wanajua boksi ni boksi. Tunajua. Atakayetuchekesha ni yule anayeliendesha boksi kana kwamba maisha ya watu elfu yako mikononi mwake.

Karatasi na kalamu

Uhuishaji wa mashabiki una faida moja kubwa kuliko uigizaji: hauhitaji mkutane, na sauti inaweza kutangulia. Mwaka 2014 mradi wa Moon Animate Make-Up! uliwakusanya wahuishaji zaidi ya 250 kuchora upya kipindi kizima cha katuni ya Kijapani ya Sailor Moon, kila mmoja na sehemu yake fupi. Sauti ya kipindi ilikuwepo tayari, kwa hiyo kila mchoraji alijua sekunde yake inaanzia wapi na inaishia wapi. Kwa kolabo ya watu waliotawanyika hakuna mpango ulio rahisi zaidi kuusimamia.

Ila hesabuni kwanza. Filamu huenda kwa fremu, yaani picha moja moja, 24 kwa sekunde. Wachoraji wengi hushikilia kila mchoro kwa fremu mbili, kwa hiyo sekunde moja ni michoro 12, na kipande cha sekunde 15 ni michoro 180. Mwanafunzi mwenye mitihani hatachora michoro 180. Mkishikilia kila mchoro kwa fremu nne, inabaki 90, na mwendo unakuwa wa kukatikakatika, jambo ambalo katika video ya kuungaunga ni pambo badala ya kasoro. Nawashauri mwandike kabisa kwenye maelekezo kwamba michoro sita kwa sekunde inaruhusiwa. Nimeona watu waliokuwa wamekaa kimya wakijitokeza baada ya kusoma sentensi hiyo tu.

Asiyejua kuchora achore watu wa vijiti. Sisemi kwa kumfariji. Mtu wa kijiti anayesogea kwa wakati sahihi hupendwa kuliko sura iliyochorwa kwa ustadi lakini imesimama. Ukwaru wa mstari macho husamehe upesi. Mwendo unaokosa mdundo wa sauti hayausamehi.

Kitu kimoja cha kufanya hata kama hamtafanya kingine chochote katika sehemu hii: mratibu achore picha moja tu ya ovyo kwa kila tukio, azipange zote juu ya sauti tangu siku ya kwanza, na hiyo iwe video yenu. Kila kipande kinachokuja kinachukua nafasi ya picha yake. Kisipokuja, picha ya ovyo inabaki, na mmebaki na video iliyokamilika. Mara moja niliacha picha hizo mbili makusudi kwenye toleo la mwisho, na ndizo watu walizozitaja zaidi kwenye maoni.

Ndani ya gemu

Mashinima, yaani kupiga filamu ndani ya gemu, ilianza mapema kuliko wengi wanavyodhani. Diary of a Camper iliyotengenezwa kwa gemu ya Quake ni ya 1996. Iliyofika mbali ni Red vs. Blue ya kundi la Rooster Teeth, iliyoanza 2003 ndani ya gemu ya Halo. Wahusika wake wamevaa kofia zinazoficha uso wote, midomo haionekani, hivyo anayesema anatikisa kichwa ili tumjue. Na katika Halo ya kwanza kulikuwa na hitilafu ndogo iliyowafaa sana: mchezaji akielekeza bastola chini, mhusika alionekana ameshusha silaha huku kichwa kimenyooka. Bila hitilafu hiyo wangeonekana wanaongea huku wamelengeana bunduki.

Mtindo huu chagueni ikiwa mko mbali mbali na mna waandishi na wasemaji wazuri. Gemu inawapa seti, mavazi na mwanga bure. Ambacho haiwapi ni nyuso. Mzigo wote unahamia kwenye maneno na sauti, na hapo hakuna boksi la kuwaokoa. Maongezi yakiwa mabovu, mnaangalia wanasesere wamesimama. Programu ya OBS Studio inarekodi skrini bure. Zimeni alama zote za gemu pembeni mwa picha kabla ya kuanza, na malizeni maonyesho yote ya sehemu moja kwa mkupuo, maana gemu ikisasishwa katikati ya kazi mandhari inaweza kubadilika.

Kukata vya wengine

Huu ndio mtindo mkongwe kuliko yote niliyotaja. Mwaka 1975 Kandy Fong alipanga slaidi za Star Trek, tamthilia ya televisheni, zifuate wimbo na kuwaonyesha mashabiki wenzake, miaka thelathini kabla YouTube haijaanzishwa 2005. Kutoka hapo zikaja kanda za video, kisha programu za uhariri, kisha vurugu za makusudi za YouTube Poop ambamo neno la mhusika hukatwa na kuungwa mpaka aseme asichowahi kusema.

Kwa kundi, nina mashaka nao. Mzigo wote ni wa mhariri mmoja, na wengine mnabaki kupendekeza. Inawezekana kugawana wimbo kwa beti, kila mtu ubeti wake, lakini watu wawili hukata kwa midundo tofauti, na sikio hubaini mara moja mahali fundi mmoja alipoachia mwenzake. Kama mhariri hodari ni mmoja na wengine ni wapenzi tu, mwacheni afanye peke yake, muwe watazamaji wake wakali wa kwanza.

Kuhusu picha kuchakaa: kila mkihifadhi upya video iliyokwisha kubanwa, inapoteza kitu, na baada ya mara nyingi inageuka miraba na ukungu. Kuna wanaofanya hivyo kwa kusudi, mpaka picha inaonekana imekaangwa. Kwa mzaha wa sekunde tano inapendeza. Kwa dakika nne inaumiza macho. Uchakavu huo utieni mwishoni, juu ya nakala safi, ili mkijuta muweze kurudi.

Sauti, ambayo haina mjadala

Mtindo wowote mtakaoshika, ukwaru uishie kwenye picha. Hili ndilo nililojifunza kwa gharama kubwa zaidi. Mtu atatazama karatasi zilizokatwa kwa meno kwa dakika kumi nzima, lakini upepo ukivuma kwenye maikrofoni sekunde kumi ameondoka. Picha chafu inasomeka kama mtindo. Sauti chafu inasomeka kama dharau.

Ndiyo maana kwenye kolabo za viraka mimi hupendelea sauti isiwe ya viraka. Chagueni wasemaji watatu au wanne, warekodi maneno yote ya video, kila mmoja na simu yake karibu na mdomo, ndani ya chumba chenye mapazia, godoro au kabati la nguo wazi. Sauti hiyo iunganishwe kwanza, isambazwe kwa wote, na waigizaji au wachoraji waifuate. Mtu mmoja tu achanganye sauti, kwa Audacity au programu yoyote anayoijua. Asiifanye ndogo kwa kuogopa: YouTube hupunguza video zenye kelele nyingi, ila iliyopakiwa ikiwa chini haiipandishi.

Mambo mawili ya kiufundi huvunja kolabo bila mtu kujua kwa nini. La kwanza, simu nyingi hurekodi kwa idadi ya fremu inayopanda na kushuka, na klipu ndefu ikiingia kwenye uhariri midomo inaanza kuachana na maneno; ibadilisheni kwanza iwe ya kiwango kimoja, 24, 25 au 30, mlichokubaliana. La pili, WhatsApp hubana video. Klipu itumwe kama faili la hati, au iwekwe kwenye hifadhi ya mtandaoni. Nimepokea kazi nzuri ya kadibodi ikiwa imegeuka uji kwa sababu hiyo tu, na mwenyewe alikwisha kuvunja seti.

Hakimiliki, kwa kifupi

Ukwaru hauwapi ruhusa ya kisheria. Lakini mitindo hii haiko sawa mbele ya mashine. Content ID ya YouTube, inayofanya kazi tangu 2007, inalinganisha sauti na picha zilizopakiwa na zile walizosajili wenye mali. Kwa hiyo aliyekata vya wengine yuko wazi kuliko wote, na aliyetumia wimbo wa asili anafuata. Boksi na mtu wa kijiti mashine haiwatambui, ingawa wanasheria wanaweza. Maonyo matatu ya hakimiliki ndani ya siku 90 yanaweza kuifunga chaneli.

Sheria zenyewe hutofautiana. Marekani ina kanuni ya matumizi ya haki yenye vigezo vinne, na mwaka 2015 mahakama ya rufaa katika kesi ya Lenz ilisema mwenye mali lazima aifikirie kanuni hiyo kabla ya kudai video iondolewe. Kanada iliandika mwaka 2012 ruhusa ya kazi mpya zisizo za biashara zinazotengenezwa na watumiaji. Maagizo ya Umoja wa Ulaya ya 2019 yanalinda nukuu, uhakiki, vikaragosi na mzaha wa kuiga. Na baadhi ya wenye mali hutoa masharti yao: wenye Star Trek walitangaza mwaka 2016 kwamba filamu ya mashabiki isizidi dakika 15, au 30 ikigawanywa sehemu mbili. Someni masharti ya wenye filamu yenu kabla ya kuamua urefu, na msiiuze.

Turudi kwa wale kumi na wawili

Dakika nne, watu kumi na wawili, nusu hawajaonana, filamu inayojulikana. Mimi ningeshika viraka. Sekunde 240 kwa vipande vya 15 ni vipande 16. Sauti ya pamoja kwanza, wasemaji watatu, imalizike ndani ya wiki moja. Wanaoishi karibu wachukue vipande vinavyofuatana, wavipige siku moja kwa maboksi. Wengine wachore au waingie kwenye gemu, wapendavyo.

Kama filamu ingekuwa ngeni kwa watu, ningegeuka kabisa: sare ya kalamu nyeusi, michoro sita kwa sekunde, vipande virefu kidogo, na nahodha mmoja. Kama watu wangekuwa watatu badala ya kumi na wawili, ningesahau kolabo ya mtandaoni, nikatafuta kivuli na maboksi.

Kwa kuwa vipande ni 16 na watu ni 12, vinne vinabaki. Msivigawe kwa haraka kwa wale wanaoandika "nipe viwili" siku ya kwanza. Mratibu abaki navyo mkononi mpaka aone nani ameleta cha kwanza kwa wakati, ndipo amwongezee huyo. Isipokuwa cha mwisho kabisa kwenye hadithi: hicho apewe tangu mwanzo mtu ambaye mmeshaona kazi yake ikiisha.